Nilivyowekwa Katikati ya Kipilefti

Shule niliishia darasa la tano, kwa hiyo mtu asinitafutie makosa ya kalamu. Naandika kwa sababu kila nikisimulia pale stendi ninapouza makande, watu wanacheka kwanza, halafu wananiuliza kama ni kweli. Ni kweli. Majina sitaandika, maana wengine bado tunasalimiana. Lakini vyeo nitavitaja, na kila mwenye cheo chake akisoma atajijua.

Mimi ni mtu wa milimani, upande wa Mamba, kwenye tangawizi. Nilishuka mjini Same nikiwa na miaka thelathini na kitu, na sikushuka kwa kupenda. Mlima ulishuka kabla yangu. Mvua ilinyesha siku nyingi bila kupumzika, na asubuhi moja shamba la juu la jirani likaja likakaa juu ya nyumba yetu, mume wangu akiwa ndani. Mimi na mama yangu mzazi tulikuwa tumetoka kukata majani ya ng'ombe. Watu walisema ni kazi ya Mungu. Mimi nasema Mungu hakuwa na sururu. Mwenye sururu alikuwa msimamizi wa barabara ya mlimani, aliyechimba mawe chini ya mteremko wetu msimu mzima. Wazee walimwambia acha, akasema ana kibali. Tulipokwisha kuzika alikuja bwana mmoja kutoka mjini, amevaa buti mpya, akatazama, akaandika, akatuambia, "Hapa hamkupaswa kujenga." Babu wa babu wa mume wangu amezikwa pale.

Same tulilala kanisani wiki kadhaa. Halafu mwenyekiti wa mtaa wa wakati ule akatupeleka nyuma ya mji, kwenye miiba na vumbi, akapima kwa hatua zake, arobaini huku, thelathini huku, akasema, "Hapa ni penu." Alikuwa na miguu mirefu, Mungu amlaze pema. Akaandika karatasi, akagonga muhuri. Karatasi hiyo ninayo, imekunjwa mpaka imekatika vipande vinne, na muhuri uko kwenye kipande kimoja tu.

Nyumba yetu ilikuwa ya kwanza upande ule. Njia haikuwepo, kulikuwa na mchongoma na nyoka. Mimi ndiye niliyekuwa natoka kila alfajiri na sufuria ya makande kichwani kwenda stendi, narudi mchana, na miguu yangu ikachora mstari. Mwaka uliofuata akaja fundi cherehani, akajenga, na mlango akauelekeza kwenye ule mstari, maana mtu anayejenga porini anataka aone nani anapita. Akaja mfanyabiashara wa vitunguu, mtu wa tambarare, akajenga mbele yetu, mbali zaidi na stendi, naye akawa anapita kwetu. Likaja duka. Duka likaweka benchi, benchi likaleta wacheza drafti, drafti ikaleta mama wa maandazi. Ukaja msikiti mdogo, kizimba cha maji tunapochotea kwa ndoo, na saluni yenye picha ya mwanamke ambaye hajawahi kufika Same. Hakuna aliyepanga. Kila mtu alitazama mwenzake amekaa wapi, akakaa pembeni yake, akageuza mlango. Ukiniuliza mji unakuaje, mimi niliyeuona ukikua nitakuambia ni hivyo tu, na ndivyo tulivyofika nyumba zaidi ya mia kabla ofisi yoyote haijajua kwamba tupo.

Sasa nieleze nyumba yetu ilivyo, maana mambo yote yalianzia hapo. Ina vyumba vitatu. Jiko tulilijenga pembeni, hatua nne kutoka mlango wa nyuma. Jua la Same si la mchezo, kwa hiyo nafasi iliyo kati ya nyumba na jiko niliiezeka bati. Pakawa na kivuli. Mama yangu akaweka kigoda chake pale na hakuhama tena. Na njia nayo ilipita hapo hapo, chini ya bati, kati ya mlango wetu na chungu chetu, kwa sababu mkono wa kushoto kuna korongo, na mkono wa kulia kuna kiwanja kikubwa kilichozungushiwa miiba. Kiwanja hicho ni cha zahanati. Zahanati haijafika. Mwenyekiti wetu wa sasa anaitunzia nafasi yake kwa mbuzi wake kumi na wawili.

Mtu wa mjini atauliza, watu wanapitaje katikati ya nyumba yako? Kule kwetu milimani njia inapita mlangoni mwa mtu, mteremko ni mkali, hakuna pengine pa kupitia. Anayepita anasalimia, anaitikiwa, akiwa na haraka anasalimia huku anakwenda. Kumzibia mtu njia ni jambo ambalo likitokea watoto wanaambiwa waende wakacheze nje. Kwa hiyo mama hakuona ajabu. Alifurahi. Alikuwa anapokea shikamoo tangu jua linachomoza mpaka linazama, na asiyesalimia alirudishwa. Nimemwona kwa macho yangu akimrudisha polisi aliyekuwa anakimbiza mtu. Polisi akarudi, akasema shikamoo bibi, akaitikiwa, na yule mtu akapotea moja kwa moja.

Basi, mwenyekiti akaitisha mkutano. Akasema mtaa wetu unakwenda kurasimishwa. Neno hilo hatukulielewa, tukapiga makofi. Akaeleza kwamba wapimaji watakuja, kila nyumba itapata namba ya kiwanja, na mwenye namba atapata hati. Hapo mimi nilipiga makofi kwa nguvu kuliko wote. Nilikuwa nimeshahamishwa mara moja na mlima na mara moja na bwana wa buti mpya. Nilitaka namba. Nilitaka mahali ambapo mtu akija na daftari akaniambia sikupaswa kujenga, nimwoneshe kitu chenye namba, kisichokatika vipande vinne. Sikuwa na haja nyingine yoyote na mkutano ule.

Ikaja kampuni ya upimaji, na mtaalamu wake kijana, kofia pana, miwani ya jua, adabu nyingi. Hakuleta kamba wala fito. Alileta droni, akairusha, ikapita juu ya mtaa ikilia kama nyuki. Mama akainua uso.

"Nani huyo anayepita bila kusalimia?"

"Ni mashine, mama," nikamwambia. "Inapiga picha."

"Nimeuliza nani, sijauliza inafanya nini."

Wiki tatu baadaye nikarudi kutoka stendi nikakuta ukutani kwetu X nyekundu, kubwa kama mlango. Mama amekaa chini yake, ananitazama kama mtu aliyepambwa. Alidhani ni alama ya kwamba tumeshapimwa. Nikamtafuta mtaalamu, nikamkuta dukani anakunywa soda, nikamrudisha mpaka nyumbani.

"Mama, nyumba yako iko barabarani," akasema.

"Barabara gani?"

Akafungua kompyuta yake, akaiweka juu ya ndoo iliyopinduliwa. Nikauona mtaa wetu kutoka juu, mabati yote, na katikati mstari mweupe. "Hii hapa. Inatoka stendi, inakuja, inakuja, inaingia chini ya bati lako, inatokea upande wa pili. Umejenga juu ya barabara."

"Hiyo ni njia. Nimeifanya mimi."

"Ulikuwa na kibali cha kutengeneza barabara?"

"Sikutengeneza. Nilikuwa napita."

"Na hawa wengine?"

"Nao wanapita. Niliwaruhusu."

"Kwa hiyo unakubali ni ya umma," akasema, akaandika.

Nikamwambia nyumba ilitangulia. Njia ilikuja baadaye, ilitoka kwenye mlango huu huu, bila nyumba njia isingekuwepo. Alinisikiliza vizuri, siwezi kumsingizia. Halafu akasema, "Mama, kwenye picha vyote viko pamoja. Picha haioneshi nani alitangulia."

"Niulize mimi basi."

"Wewe una maslahi."

Mama yangu akaingilia. "Kijana, umepita hapa mara ngapi?"

"Mara nne, bibi."

"Umesalimia mara mbili."

Kijana akavua kofia, akasema shikamoo mbili mfululizo, mama akaitikia marahaba moja moja, taratibu. Nikadhani hapo tumeelewana. Kumbe alikuwa anaaga. Barabara itakuwa ya mita kumi, akasema, na mashine ya kubomoa itakuja mchoro ukishapitishwa. Mita kumi. Mtaa wetu una gari moja, nalo limekaa juu ya mawe tangu mwenyewe alipoenda Arusha.

Nikaenda kwa mwenyekiti. Alikuwa anawapa mbuzi maji katika zahanati.

"Ndiyo maendeleo, mama," akasema. "Kila mji lazima mtu aumie kidogo."

"Mbona barabara isipite hapa?"

"Hapa ni huduma ya jamii." Mbuzi mmoja akapiga chafya.

Nikawaza kwa akili yangu ya darasa la tano. Kama nyumba inavunjwa kwa sababu kuna njia, basi njia isiwepo. Kesho yake sikwenda stendi. Nikakata matawi ya mchongoma, nikaziba huku na nikaziba huku. Wa kwanza kufika alikuwa yule jirani wa vitunguu, gunia begani. Akasimama, akatua gunia, akavua baraghashia.

"Dada, nani amefariki?"

"Hakuna."

"Bi mkubwa mzima?"

"Mzima, si huyo hapo."

"Basi mbona mmefunga?"

Nyuma yake watu walishasimama foleni, wanasemezana kwa sauti ndogo. Fundi cherehani alikuwa ameanza kuchangisha rambirambi. Na upande wa ndani mama yangu, miaka themanini na ushee, alikuwa anaburuta matawi kwa fimbo yake, anatokwa na damu vidoleni, na hanitazami. Siku ile hakula chakula changu. Alikula kwa mama wa maandazi. Jioni nikaondoa miiba yote mwenyewe.

Nikamweleza jirani wa vitunguu shida yangu. Huyu ni mtu mwema, na ninamtaja kati ya walioniharibia kwa sababu hiyo hiyo. Alifikiri sana, akanywa chai yangu vikombe viwili, akasema, "Huyo mtaalamu amesema kompyuta inafuata njia?"

"Ndivyo alivyosema."

"Hakusema njia ya zamani au mpya?"

"Amesema picha haijui."

"Basi tuipe njia. Tupige msaragambo."

Asiyejua msaragambo, ni kazi yetu ya pamoja sisi Wapare. Pembe inapigwa, kila nyumba inatoa mtu na jembe, mnachimba mfereji au mnajenga darasa, na mkimaliza mnakula. Milimani ndivyo kila kitu kilivyojengwa. Mtaani kwetu pembe hatukuwa nayo, kwa hiyo jirani alitumia kipaza sauti anachouzia mali yake, kile chenye maneno yaliyorekodiwa, na hakujua kuyazima. Alfajiri ya Jumamosi mtaa mzima uliamshwa hivi: "Vitunguu, vitunguu, msaragambo, vitunguu, kila nyumba jembe moja, vitunguu." Watu walikuja na majembe, na wengine walikuja na vikapu.

Tuliivunja ile miiba ya kulia, tukaingia kwenye zahanati, tukalima njia mpya ikazunguka nyumba yangu mpaka upande wa pili. Mwenyekiti akafika mbio, mkanda haujafungwa. Akafungua mdomo agombe. Akatazama watu. Uchaguzi wa serikali za mitaa ulikuwa karibu, na pale palikuwa na watu wengi kuliko mkutano wake wowote. Akafunga mdomo, akachukua jembe langu, akapigwa picha amelishika juu, halafu akarudisha jembe na kwenda kutafuta mbuzi wake. Picha ile iko mpaka leo kwenye ukuta wa ofisi yake, na chini yake ameandika kwamba yeye ndiye aliyefungua barabara.

Lakini njia iliyolimwa leo si njia. Ni udongo mwekundu. Mtaalamu alikuwa amesema droni itarudi baada ya wiki mbili kuhakiki, na ile ya zamani ilikuwa nyeupe kwa miaka kumi na tano ya miguu. Tulihitaji miaka kumi na tano kwa siku kumi na nne. Basi watu wakaanza kutembea. Sijapata kuona jambo kama lile. Watu wazima, hawaendi popote, wanatoka dukani, wanapita njia mpya, wanafika mwisho, wanageuka. Wacheza drafti walihamisha mashindano yao, anayefungwa anazunguka mara kumi. Kwaya ya kanisa ilifanya mazoezi ikitembea. Watoto wa madrasa walipitishwa wakisoma. Mgeni mmoja aliyekuja kununua vitunguu akauliza tumepatwa na nini, akaambiwa tunakuza mji.

Siku ya kumi njia mpya ilianza kung'aa. Siku ya kumi na mbili ilikuwa nyeupe kabisa. Nilipanda juu ya tangi la kizimba cha maji nitazame kama droni inavyotazama. Nikaiona njia mpya, nzuri, safi, inazunguka nyumba yangu kwa heshima. Nikaiona na ile ya zamani pia, imezidi kuwa nyeupe kuliko mwanzo.

Nikashuka nikasimama chini ya bati letu nione kuna nini. Akaja fundi cherehani, ametoka kuzunguka.

"Shikamoo bibi."

"Marahaba. Umetembea?"

"Nimetembea sana, bibi."

"Vizuri. Kesho tena."

Akapita kati ya mlango na chungu, akaenda zake. Nyuma yake kwaya, nyuma ya kwaya wacheza drafti, wote wanasalimia, wote wanapita. Nikawazuia.

"Nyie si mmepewa njia yenu kule?"

"Tumeitembea," wakasema. "Sasa tunarudi."

"Mrudie huko huko."

Mmoja wa wanakwaya, mama wa heshima zake, akaniangalia kama nimemtukana. "Tupite nyuma ya nyumba ya mtu mzima tusimsalimie? Kwani tumegombana?"

Ndivyo ilivyokuwa. Kila aliyetembea kule kwa ajili yangu alipita na huku kwa ajili ya mama, na kwa kuwa walikuwa wanatembea mara ishirini kwa siku, mama alisalimiwa mara ishirini na kila mmoja. Sauti ilikuwa imemkauka. Nilimwomba aingie ndani siku mbili tu, mpaka droni ipite. Akasema mimi ndiye niliyemleta huku chini kwenye vumbi, na kitu pekee alichokipata huku chini ni kwamba watu ni wengi, je nataka na hicho akikose? Nikamletea maji ya tangawizi ya koo.

Droni ikaja, ikapita juu, mama akaitikia marahaba kabla haijasema kitu.

Mchoro ulibandikwa katika ofisi ya mtaa, ukuta mzima, karibu na picha ya mwenyekiti na jembe langu. Watu wakajaa. Kila mtu alitafuta nyumba yake kwa kidole. Jirani wa vitunguu akaipata ya kwake, ina namba. Fundi cherehani akaipata, ina namba. Gari lililokaa juu ya mawe lilikuwa limepewa namba. Mimi kidole changu kilifuata njia kutoka stendi, kikafika mahali petu, kikaanza kuzunguka. Palikuwa na duara. Katikati ya duara palikuwa na kijani.

"Hiki ni nini?" nikamuuliza mtaalamu.

"Kipilefti, mama."

"Cha nini?"

"Baada ya kuhakiki tumegundua njia zimeongezeka. Moja inapita katikati, moja inazunguka kulia, zote zina matumizi makubwa sana. Makubwa kuliko ya barabara kuu, kusema kweli. Pakiwa na msongamano wa namna hiyo lazima kuwe na kipilefti."

"Na upande wa kushoto? Kuna korongo."

"Litajazwa."

"Na nyumba yangu?"

Hapo akatabasamu, maana alidhani ananipa habari njema. "Haiguswi, mama. Iko katikati. Katikati ya kipilefti haipiti gari. Tumekufutia ile X."

"Namba yake iko wapi?"

"Katikati ya kipilefti si kiwanja. Ni bustani."

Nilikuwa nimemleta mama, nimemkalisha kwenye benchi la ofisi. Akauliza kuna nini. Jirani akamwelezea kwa sauti ya juu kwamba tumewekwa katikati, magari yatatuzunguka, na kwa kawaida katikati hapo huwekwa maua au sanamu.

"Sanamu ya nani?" mama akauliza.

"Ya mtu maarufu, bi mkubwa."

Mama akafikiri. "Wakizunguka watasalimia?"

Watu wakacheka, na mimi nikacheka, sikuweza kujizuia. Mwenyekiti akautumia ule mcheko kunivuta pembeni, karibu na dirisha. Akaninong'oneza, na hapa naandika maneno yake kama yalivyotoka, kwa sababu ndiyo maneno ya akili pekee aliyopata kuniambia.

"Mama, nyamaza. Umeshinda. Hawavunji. Ukianza kudai namba watafungua upya, na wakifungua upya kijana ataona hakuna gari, kipilefti kitafutwa, barabara itanyooka, na wewe uko chini yake. Kaa bustani. Nani atajua?"

Alichosema kilikuwa kweli. Nyumba ilikuwa imesimama, mama yuko hai, bati liko juu. Ningeweza kuishi humo mpaka nife, mtu akiuliza niseme mimi ni ua. Lakini nilimkumbuka yule bwana wa buti mpya. Siku moja angekuja mwingine, na kompyuta nyingine, akute mama mmoja anapika makande katikati ya bustani ya umma. Angeandika. Na safari hiyo hata X asingehitaji, angeleta fagio tu.

Nikarudi mbele ya mchoro. Nikasema, "Mimi si bustani. Niko hapa na mama yangu. Niandike."

Mtaalamu akatazama pembeni mwa mchoro, kule kwenye orodha ya alama. Akashusha kidole juu yake, akakipandisha. "Alama ya nyumba ndani ya kipilefti haipo, mama."

"Mimi nipo."

"Kompyuta haitakubali."

"Usiiambie. Una kalamu?"

Watu wote walikuwa wanamwangalia. Jirani wa vitunguu akampa kiti. Sijui ni huruma au ni joto la ile ofisi, au ni mama yangu aliyekuwa amemkazia macho akimhesabia shikamoo zake, lakini kijana alitoa kalamu ya wino, akainama, akachora kisanduku kidogo katikati ya kijani, kwa mkono wake, kimepinda kidogo. Ndani yake akaandika namba. Akaweka sahihi pembeni. Namtaja kati ya waharibifu wangu, na hili pia nalitaja, ili asije akasema nilimwandika nusu.

Sasa kila Ijumaa nikitoka stendi napita ofisini kutazama kisanduku changu. Mchoro bado uko ukutani, unangoja kupelekwa ofisi za juu, na wanasema utakaponakiliwa kilichomo ndicho kitakachonakiliwa. Ijumaa iliyopita nilikuta mtu amekipaka kijani kwa kalamu ya rangi, vizuri kabisa, hakutoka nje ya mstari. Namba yangu inaonekana kwa shida chini yake. Nikamuuliza karani wa mwenyekiti ni nani. Akasema ni yeye, palikuwa pamebaki peupe, panaharibu mchoro.

"Nipe kifutio," nikamwambia.

"Kifutio ni cha ofisi, mama. Na hiyo rangi haitoki kwa kifutio."

Najua haitoki. Shuleni tulikuwa tunaikwangua kwa wembe, polepole, karatasi isitoboke. Nimenunua wembe. Ijumaa hii narudi, na mama amesema atakuja nami, akae mlangoni, kila anayetaka kuingia asimame amsalimie kwanza, mpaka nimalize.